Stelingi Hafi, Mpagazi Hasemi

Nianze na ugomvi, maana bila ugomvi najua hamtasoma.

Jumamosi iliyopita, pale chini ya mwembe tunapokutana kusomeana kazi zetu, mshkaji mmoja alisimama akatangaza kwamba picha za Tarzan ni takataka za wakoloni, na kwamba mwandishi wa Kiafrika mwenye akili timamu hana sababu hata ya kulitaja jina hilo. Akapigiwa makofi. Hajakaa vizuri, mwingine akamjibu kutoka nyuma: "Acha hizo, kaka! Ile ilikuwa burudani tu. Stelingi anaruka, adui anakula kichapo, watu tunarudi nyumbani tumefurahi." Naye akapigiwa makofi. Mikono ile ile, makofi yale yale!

Ndugu wasomaji, mimi sikumpigia yeyote. Yule wa kwanza anasema juu ya picha ambazo hajaziona. Wa pili ameziona mpaka amezikariri, lakini hajazitazama. Wote wawili wamepishana na jambo linalotuhusu sisi wenye kalamu kuliko mtu mwingine yeyote: ndani ya hadithi, nani anapewa nafasi ya kusema, na nani anabebeshwa mzigo tu.

Kwa hiyo leo namleta Johnny Weissmuller hapa kikaoni. Akae kwenye benchi, tumtazame vizuri. Baada ya hapo mtanipiga mawe mkitaka.

Wengi wetu tulikutana naye kwenye banda la video. Mnalikumbuka: mabenchi ya mbao, televisheni moja juu ya meza, deki inayokwama, gunia dirishani kuzuia mwanga, na kiingilio chenyewe ni hela uliyotumwa kununua chumvi. Tulikuwa tunaijua sheria moja tu ya senema: stelingi hafi. Hata akizungukwa na simba saba na mamba kumi, wewe tulia, kula karanga zako. Hafi.

Sasa, stelingi huyu alikuwa nani? Kabla ya kuwa mwigizaji alikuwa mwogeleaji, na hapa simaanishi mtu wa kupiga mbizi ufukweni Jumapili. Tarehe 9 Julai 1922 alikuwa binadamu wa kwanza kuogelea mita 100 za mtindo huru chini ya dakika moja, kwa sekunde 58.6. Kwenye Olimpiki ya Paris mwaka 1924 alichukua medali 3 za dhahabu, akaongeza na shaba ya polo ya majini. Amsterdam mwaka 1928 akachukua dhahabu nyingine 2. Jumla dhahabu 5. Huyo ni bingwa wa kweli, aliyepimwa kwa saa, hakuna kona kona.

Na kuna jambo ambalo banda la video halikutuambia. Weissmuller alikuwa mtoto wa wahamiaji. Alizaliwa tarehe 2 Juni 1904 huko Freidorf, kijiji ambacho wakati ule kilikuwa ndani ya dola ya Austria na Hungaria, na leo ni sehemu ya jiji la Timișoara, Romania. Nyumbani kwao lugha ilikuwa Kijerumani. Wazazi wake walimvusha bahari kwenda Marekani akiwa na miezi saba. Ulipofika wakati wa kwenda Paris kuiwakilisha Marekani, uraia wake ukawa na utata, basi rekodi za kuzaliwa za mdogo wake Peter, aliyezaliwa Pennsylvania, zikatumika kama zake. Kwa miaka mingi akawa anasema amezaliwa huko huko Pennsylvania.

Tafakarini hilo. Kijana aliyelazimika kuficha alikozaliwa ndipo apewe pasi, ndiye baadaye anapewa kazi ya kuigiza mtoto wa kabaila wa Kiingereza aliyepotelea Afrika. Hapo pana riwaya nzima! Hollywood ilikuwa nayo mkononi, ikaitupa, ikachukua kifua tu.

Mwaka 1932 kampuni ya MGM ilitoa picha iitwayo Tarzan the Ape Man, chini ya mwongozaji W. S. Van Dyke. Weissmuller ni Tarzan, Maureen O'Sullivan, binti wa Ireland, ni Jane. Picha ikauza sana. Tangu hapo hadi mwaka 1948 Weissmuller akacheza picha 12 za Tarzan: 6 za MGM na 6 za RKO. Kaptura ya ngozi ilipoanza kumbana, Columbia wakamvalisha nguo, wakamwita Jungle Jim, akacheza picha 16 kati ya 1948 na 1955. Katika tatu za mwisho hata jina la Jungle Jim liliondolewa, akawa anaitwa Johnny Weissmuller ndani ya hadithi ileile. Halafu vipindi 26 vya televisheni, hadi mwaka 1956. Miaka 24 ya msituni!

Msitu upi? Hapa ndipo nawaomba mshike benchi. Msitu huo ulikuwa California, Florida, na Acapulco kule Mexico. Katika picha zote 12 za Tarzan, Weissmuller hakuja Afrika kupiga hata moja. Tembo walikuwa wa Asia, wenye masikio madogo, basi wakavalishwa masikio ya bandia ili wafanane na wa kwetu. Hata mwenye hadithi mwenyewe, Edgar Rice Burroughs, aliyeitoa gazetini mwaka 1912, hakuwahi kukanyaga bara hili, na mwanzoni alimweka chui milia humo, mnyama wa Asia. Ilibidi amwondoe hadithi ilipotoka kitabu mwaka 1914.

"Si umeona!" atapiga kelele yule mshkaji wa kwanza. "Ni uongo mtupu!" Tulia kwanza. Uongo wa masikio ya tembo haunisumbui. Hadithi ni hadithi. Shaaban Robert alituandikia nchi ya Kusadikika, ambayo ramani haiijui, na hakuna aliyemwambia ni mwongo. Uongo unaonisumbua mimi uko mdomoni.

Kwenye kitabu cha Burroughs, Tarzan ni msomaji. Ndiyo, msomaji! Anaingia katika kibanda walichojenga wazazi wake kabla hawajafa, anakuta vitabu vya watoto vyenye picha, na peke yake, bila mwalimu, anajifundisha kusoma Kiingereza. Lugha ya kwanza ya binadamu anayoisema kwa ulimi ni Kifaransa, na nyingine zinafuata. Kitabu kile kina ubaguzi wa kutosha, sikitetei. Lakini kijana aliyejifundisha kusoma peke yake ni ndugu yetu sisi, tuliosomea chini ya taa ya barabarani.

Hollywood ikafanyaje? Ikamnyang'anya vitabu. Tarzan wa Weissmuller anaongea neno mojamoja, kama mtu anayetema mbegu za chungwa. Ile sentensi maarufu inayoigizwa vijiweni, "Mimi Tarzan, wewe Jane," hata haimo kwenye picha. Kilichomo ni vidole vinavyogusa vifua na majina mawili yanayorudiwa. Zaidi ya hapo kuna ukelele, na neno moja la kubuniwa, "ungawa," ambalo ni amri ya kila kitu: nenda, simama, inuka, lala. Tembo analielewa. Nyani analielewa. Msomaji wa Kiswahili halielewi, kwa sababu si Kiswahili, na si lugha ya kijiji chochote cha Afrika. Bara lenye lugha kwa mamia likapewa neno moja, na neno lenyewe likatungwa ofisini.

Sasa shukeni chini ya stelingi, muwatazame watu walio nyuma yake. Kabla ya Tarzan, Van Dyke huyohuyo alikuja huku kwetu mwaka 1929 kupiga picha ya Trader Horn, iliyotoka mwaka 1931. Alipita Kenya, Uganda na Kongo na kamera zake na mitambo yake ya sauti. Akarudi na mapicha mengi kuliko alivyohitaji. Yaliyobaki hayakutupwa, yaliingizwa kwenye Tarzan ya mwaka 1932. Kuna mahali Jane anatembea na baba yake, na nyuma yao wanapita watu wa Afrika, wazima, wamependeza, wana shughuli zao. Hao ni watu halisi wa Trader Horn, wanaooneshwa kwenye pazia nyuma ya waigizaji waliosimama studio California. Babu zetu wamo katika picha ile, jamani. Wamo kama kitambaa cha ukutani.

Mmoja wao alikuwa na jina. Mutia Omoolu, mtu wa huku Afrika Mashariki, aliigiza katika Trader Horn kama Rencharo, mbeba bunduki wa stelingi, na akatajwa kwenye orodha ya waigizaji. Alipelekwa mpaka Hollywood kwenda kumalizia kazi. Kwenye picha za Tarzan za MGM huyo Mutia hayumo. Ila kuna genge kubwa la mawe ambalo misafara lazima ilipande ili ifike kwa Tarzan, na genge hilo linaitwa Mutia. Jina ni lilelile. Msomaji ajumlishe mwenyewe: mtu alitoka, jina likabaki, likawa jiwe la kupanda.

Na kwenye picha ile ya 1932, huko huko juu gengeni, wapagazi wanapita njia nyembamba, mizigo kichwani. Mmoja anateleza. Anaanguka. Tunasikia anavyopiga kelele akienda chini. Wazungu wanasimama kidogo, mmoja anamhurumia kwa neno moja au mawili, halafu anauliza: mzigo ule ulikuwa na nini ndani?

Basi. Msafara unaendelea.

Nimeirudia sehemu hiyo mara nyingi kuliko ukelele wa Tarzan. Mpagazi hakuwa na jina kabla ya kuanguka, hakusema neno lolote kabla ya kuanguka, na alipoanguka swali likawa la mzigo. Angalieni tofauti ya ububu huu wa aina mbili. Stelingi naye ni bubu, lakini ububu wake unahudumiwa: kamera inamsogelea usoni, Jane anakaa naye chini anamfundisha maneno, sisi tunasubiri kwa hamu aseme. Ububu wa mpagazi hausubiriwi na mtu. Hakuna anayejiuliza angesema nini.

Na sisi tulikuwa upande gani? Semeni ukweli. Tulimshangilia stelingi. Frantz Fanon, daktari na mwandishi wa Martinique, aliligusa hilo katika kitabu chake cha mwaka 1952: mtoto mweusi visiwani akitazama Tarzan anajiweka upande wa Tarzan, anawapiga weusi wenzake pamoja naye. Alikuwa anasema watoto wa kwao. Angepita mtaani kwetu angetukuta tumefunga kamba kwenye mwarobaini, tunagombania nani awe Tarzan. Mpagazi hakugombewa na mtu. Mpagazi alikuwa mdogo wako, au yule asiye na mpira.

Ongezeni na huyu. Duke Kahanamoku, Mhawaii, alikuwa bingwa wa mita 100 kwenye Olimpiki za 1912 na 1920. Paris mwaka 1924 Weissmuller alimshinda, Duke akachukua fedha. Duke naye aliingia Hollywood. Mwili wa kuogelea anao, sura anayo, jina analo dunia nzima. Akapewa vijinafasi vya pembeni. Dimbwini wawili hawa walipishana kwa sekunde chache; kwenye senema mmoja akawa mfalme wa msitu, mwenzake akawa mtu wa kupita. Msiniambie hiyo ni bahati.

Lakini simwinui Weissmuller kama mshindi. Mfumo uliommeza mpagazi ulimtafuna na yeye, taratibu, kwa malipo. Bingwa wa dhahabu 5 alifanya kazi ya kupiga ukelele mpaka uzeeni. Miaka ya 1970 alikuwa Las Vegas, kwenye hoteli ya Caesars Palace, kazi yake kuwakaribisha wageni. Alifariki Acapulco tarehe 20 Januari 1984. Jeneza lake lilipokuwa linashushwa, mkanda wa ukelele wa Tarzan ulipigwa. Mtu aliyeishinda dunia nzima kwa mikono yake mwenyewe akasindikizwa kaburini na sauti ya mtu ambaye hakuwahi kuwepo.

Sasa narudi chini ya mwembe, maana ugomvi wangu haukuwa na Hollywood. Hollywood haisomi jarida hili. Ugomvi wangu ni na ninyi. Na mimi mwenyewe.

Kuna hadithi ilisomwa pale kikaoni kurasa 14, imepigwa taipu vizuri, nafasi mbili mbili. Mwandishi wa habari kijana kutoka Dar anafika kijiji cha wavuvi kusini, anafichua genge la wanaovua kwa baruti. Ana miwani myeusi, ana pikipiki, ana jibu la kila kitu. Wanakijiji "walishangaa." Wanakijiji "walinong'ona." Wanakijiji "walikimbia ovyo." Ukurasa wa 9 mtumbwi unapinduka usiku, wavuvi wawili wanakufa maji, na stelingi wetu anaibuka juu ya mawimbi akiwaza kitu kimoja: kamera yake imelowa au haijalowa?

Tulipiga makofi. Hadithi ina kasi, ina taharuki, haichoshi. Kisha dada mmoja, ambaye huwa hasemi sana, akanyoosha mkono. Akauliza: "Kaka, samahani. Hao wavuvi wawili waliokufa, majina yao nani?"

Kimya.

Akaendelea: "Halafu nimehesabu. Kijiji kizima, kurasa 14, hakuna mtu aliyesema hata sentensi moja."

Hadithi hiyo niliiandika mimi. Mimi, mtoto wa mtaa wa uswahilini, ambaye babu yangu mwenyewe alikuwa mvuvi. Niliwaua wavuvi wawili nikaulizia kamera. Hakuna mkoloni aliyenishika mkono. Nilikuwa nimejifunza hadithi ya vituko mahali pamoja na ninyi, kwenye benchi la mbao, na nikadhani nikimvua stelingi ngozi nikamvalisha jinzi, nikampa jina la Kiswahili na pikipiki, basi nimeshaandika Kiafrika. Kumbe nimebadilisha kaptura tu!

Ndiyo maana namkatalia yule wa kwanza anayetaka Tarzan asitajwe. Usipomtaja, utamwandika. Atakuja kwa mlango wa nyuma, ndani ya mpelelezi wako, ndani ya daktari wako kijana anayekwenda kuokoa kijiji, ndani ya msomi wako anayewaonea huruma mama ntilie wa ukurasa wa 2 ambao hata sauti hawana. Na namkatalia wa pili na burudani yake. Burudani ndiyo shule tuliyohudhuria bila kukosa hata siku moja. Hesabu nilikimbia, Tarzan sikukimbia.

Najua mtakavyojibu. Mtasema hadithi ya vituko inataka mbio, hatuwezi kumsimamisha kila mpita njia aeleze ukoo wake. Sawa. Sijaomba ukoo. Naomba sentensi moja.

Na ushahidi kwamba inawezekana upo, nao haukutoka chuo kikuu. Kwenye banda letu alikuwepo mkalimani. Bwana huyo alikuwa anasimama pembeni ya televisheni na kipaza sauti chake kibovu, anatutafsiria kila kitu, hata yasiyosemwa. Siku waliyoonesha Tarzan, msafara ulipofika kwenye genge na mpagazi akateleza, yule bwana hakumwacha aende hivihivi. Alimpa maneno. Akapaza sauti: "Mama yangu nakufa mimi, na mshahara wa miezi mitatu sijalipwa!" Banda zima likaangua kicheko. Halafu kicheko kikakatika, maana kwenye mabenchi yale walikaa watu wazima ambao na wao mshahara wa miezi mitatu walikuwa hawajalipwa. Mzee mmoja mbele yangu akasema, polepole, "Maskini, ana watoto huyo."

Ana watoto huyo! Kampuni yenye mamilioni haikuliona hilo. Mtu mwenye kipaza sauti cha kufungwa na waya aliliona, kwa sentensi moja, na picha haikupungua mbio hata kidogo.

Kwa hiyo naweka pendekezo mbele ya wahariri na wenzangu wote wa kalamu. Kuanzia toleo lijalo, mtu yeyote asife kwenye kurasa zetu bila jina, wala bila kusema neno lake. Stelingi na aendelee kutokufa kama kawaida yake, hiyo ni kazi yake. Lakini akianguka mtu gengeni, mwandishi asimame pale ukingoni aulize jina kabla hajaulizia mzigo.

Hadithi yangu nimeichana. Naiandika upya. Wavuvi wale mmoja anaitwa Selemani, mwenzake Ado, na mpaka sasa wamefika ukurasa wa 6 wanabishana kuhusu deni la nyavu na wamekataa katakata kumpisha mwandishi wa habari aingie. Sijui kama atapata nafasi.

Anayebisha na aandike. Kurasa zipo.